Mashine Nilizozirudisha

Kaka yangu,

Baba tumemzika salama, na paa la jikoni limeshazibwa.

Mwezi uliopita kampuni ya sigara ilituletea wodini mashine tatu za oksijeni zenye nembo yake. Kama muuguzi mkuu nilizirudisha, kwani wagonjwa wetu wengi wameharibiwa mapafu na sigara hizohizo. Wenzangu walinipigia makofi.

Baba alipoletwa wodini, mashine yetu pekee ya oksijeni ilikuwa kwa mama mjamzito. Nilimweleza Baba yote.

"Ulifanya vizuri, mama," akasema huku akihema. "Ila ungebakisha hata moja, nembo tungeibandua."

Kwenye simu uliniuliza kama alipata kila alichohitaji, nikakujibu ndiyo. Hakupata, kaka. Leo kampuni imepiga simu, inataka kutuletea tena mashine zile, na bado sijawajibu.

Dada yako