Makofi ya Dakika Nne

3 Juni

Shangazi mpendwa,

Tafadhali funga mlango kwanza. Barua hii usimsomee mtu yeyote, na ukimaliza uichome. Shikamoo. Natumaini mgongo umepoa na wanafunzi wako hawajambo. Mimi mwili ni mzima, roho ndiyo inakimbia mchakamchaka.

Leo wakili wako ameleta hati ya madai hapa mahakamani, dirishani kwangu. Nimeigonga mhuri kichwa chini miguu juu. Unaishtaki kamati ya mashindano ya sanaa kwa kulikata igizo lenu alama kumi, eti lilipita dakika arobaini, mkawa wa pili, na fainali anakwenda wa kwanza tu. Aya ya tisa inamtaja "mtunza muda asiyejulikana, mzembe, pengine kipofu."

Shangazi, ni mimi.

Kamati iliazima karani wa mahakama, kwamba sisi hatupendelei mtu. Nilisaini fomu kuwa sina ndugu mashindanoni. Shule zilikuwa na namba tu. Nikakaa na saa kwenye kijichumba cha taa. Mwisho wa igizo, yule mama alipomfungulia mwanawe mlango, nikalia, nikasahau kuizima saa mpaka watu walipochoka kupiga makofi. Makofi yote, dakika nne, yakahesabiwa kuwa igizo. Siku ya matokeo nilipojua ni shule yenu, nikanyamaza.

Nifanye nini? Bado niko kwenye majaribio ya kazi.

Mwanao

5 Juni

Mwanangu,

Marahaba. Mgongo umepona ghafla niliposoma barua yako. Kwanza niambie: ulilia mlango ulipofunguliwa, au katika ule ukimya wa kabla? Ukimya ule niliufundisha wiki tatu.

Pili, wewe ni mjinga, nakwambia kwa mapenzi. Fainali ni tarehe 22, na wanafunzi ishirini wanatembea kama wamefiwa. Kesi inasikilizwa tarehe 13. Simama useme. Usiposema sitakutaja, lakini sijui utanitazama vipi usoni.

Barua sijaichoma. Inalisifu igizo vizuri mno.

Shangazi yako

8 Juni

Shangazi,

Shikamoo. Ichome, nakuomba! Nikisema, nafukuzwa. Nimeamua kuumwa tarehe 13. Nimechagua tumbo.

Mwanao

10 Juni

Mwanangu,

Marahaba. Tumbo halifai, uliumwa tumbo kila mtihani. Chagua jino. Au uje.

Shangazi yako

14 Juni

Shangazi,

Shikamoo. Pole kwa jana. Jino lilikataa kuuma, nikaja kukaa kwenye meza ya makarani. Kwa kuwa hakimu alikutoa nje ulipomwambia wakili wa kamati kuwa hata kiti alichokalia kina hisia kumzidi, acha nikueleze ulichokosa.

Wakili yule alisema uamuzi wa majaji wa sanaa haupingwi. Hakimu akamjibu, "Sanaa sijui. Saa naijua." Akaamuru igizo lichezwe palepale, likipimwa muda. Wanafunzi wakageuza kizimba kuwa nyumba. Kisha hakimu akaninyooshea mimi saa.

Mkono ukakataa.

"Mheshimiwa, siwezi kuishika."

"Betri imekwisha?"

"Hapana, Mheshimiwa. Ni shangazi."

Nikasema yote, hata kulia. Karani mkuu alinitazama kama mtu anayechagua pa kunizika. Saa akapewa askari wa mlangoni: dakika thelathini na nane kamili. Hakimu alipiga makofi mara mbili, akakumbuka alipo, akajifanya anaua mbu.

Hukumu umeisikia: alama zimerudishwa, mnakwenda fainali. Yangu hukuisikia. Majaribio yameongezwa miezi sita, nimehamishiwa stoo ya majalada ya zamani, chini ya jengo, na nimekatazwa kukanyaga ukumbi wowote wa mashindano. Nilidhani nitalia, lakini nimelala vizuri kwa mara ya kwanza tangu Mei.

Matokeo ya tarehe 22 uniletee wewe mwenyewe. Usipige simu, huku chini haishiki. Usiulize mapokezi, watakucheka. Zunguka mpaka kwenye maegesho ya magari. Kuna kidirisha usawa wa miguu, cha tatu kutoka kwenye bomba la maji. Kioo chake hakifunguki, kwa hiyo inama, piga kelele uwezavyo, na uwaambie wanafunzi wakusaidie.

Mwanao