Kupe wa Bamvua

Kwako Dada yangu,

Nakusalimu kwa mapenzi, wewe na tumbo lako, Shemeji, na Mama. Miguu bado inavimba? Mwambie Mama aache kukulaza chali. Mwenye mimba ya miezi minane hulala ubavu. Sisi huku tu wazima kwa kiasi. Bwana Mkubwa ametimiza miezi sita, ana meno mawili ya chini, na bado anakunja uso kama hakimu aliyecheleweshewa chai. Jibu lako lilinifikia Jumamosi. Umesema umeshafunga mizigo na unasubiri gari la kampuni Alhamisi. Dada, naomba uisome barua hii ukiwa umekaa, na uifikishe mwisho kabla hujamwita mtu. Ningekupigia, lakini simu zote za huku hupitia ofisini kwa kampuni.

Kazi yangu unaijua juu juu tu: nasimamia mtambo, napaka grisi, nasoma mishale ya mita. Sikuwahi kukueleza zaidi kwa sababu hata sisi mafundi tulielezwa nusu. Mtambo haugusi maji. Ni nguzo saba za shaba ndani ya ukumbi usio na dirisha, hatua mia tatu kutoka ufukweni. Mhandisi alituambia kwamba mwezi na jua huivuta bahari, na ndani ya mvuto huo mna nguvu ya kale isiyo na jina, nao mtambo huinyonya kabla haijafika majini. Siku za bamvua, maji yanapojaa kupita siku zote, nguzo huimba. Ndipo tukaupa mtambo jina la Kupe. Tulicheka sana. Mji mzima ulipata taa, na anayewashiwa taa haulizi mafuta yametoka wapi.

Hofu yangu ilianzia kwenye beseni. Nyumba tuliyopewa imepakana na ukumbi, ukuta kwa ukuta. Ilikuwa saa nne asubuhi, siku ya bamvua, namwogesha Bwana Mkubwa. Maji yakainuka upande mmoja. Hayakumwagika, yaliegemea tu, kama mtu anayesikiliza mlangoni. Nililigeuza beseni, yakahamia tena upande wa ukuta uleule. Mtoto akaanza kulia, na machozi yake, Dada, hayakushuka mashavuni. Yalikatiza juu ya pua yakaelekea kulekule.

Siku hiyo maziwa yangu yalikauka. Nilikamua mpaka nikaumia, halikutoka hata tone. Baada ya siku tatu yakarudi, nikadhani ni uchovu. Bamvua lililofuata yakakauka tena, na mshonaji wa nyumba ya tatu akaja na binti yake mchanga begani, amenyong'onyea, akaniuliza kwa sauti ya chini kama na mimi nimeishiwa. Muuguzi wa zahanati alituambia amepokea wanne wa namna hiyo, wote wa nyumba zetu. Binti wa mshonaji alizikwa wiki ileile. Mafundi wenzangu walisema ni mapenzi ya Mungu. Mimi nilikuwa nimeuona mshale wa mita siku mtoto alipofariki: ulipanda kuliko nilivyowahi kuuona.

Nikamwendea Mhandisi. Nilitegemea akane, maana hata uongo ungenipa nafuu. Hakukana. Alinipa kiti, akafunga mlango, akaniambia kwa upole kwamba maji yote huvutwa, ya bahari na ya mwilini. Bahari ni kubwa, alisema, lakini nguvu yake imetawanyika. Kwa mama anayenyonyesha au anayekaribia kujifungua imekusanyika kama asali kwenye sega. Bila nyumba zile Kupe asingewasha hata mtaa mmoja. Ndiyo sababu tulipewa bure, sisi wenye vichanga. Halafu akaniuliza mwanangu anaendeleaje.

Nilimsihi anihamishe. Akasema kuna nafasi kwenye ofisi ya mlimani, ila nyumba haiwezi kukaa tupu. Akauliza kama sina ndugu mjamzito.

Dada, hili nitaliandika. Barua niliyokutumia mwezi uliopita, nikiisifia hospitali ya huku, nikisema nimekuombea nyumba na gari la kukuchukua, niliiandika nikijua. Sikudanganywa. Sikushikiwa panga. Nilimtazama mwanangu, nikakufikiria wewe, nikachagua. Nilijiambia wewe una nguvu, ulinibeba mgongoni ukiwa mtoto mwenyewe, utastahimili. Wahenga walisema damu nzito kuliko maji. Mimi niliimwaga kama maji. Ulipojibu kwamba unamshukuru Mungu kwa kukupa mdogo kama mimi, niliikunja barua yako, nikaanza kufungasha nguo za mtoto.

Usije. Alhamisi ni bamvua kubwa kuliko yote ya mwaka. Barua hii nampa dereva wa basi la jioni hii, ikufikie kesho Jumanne. Ukishaisoma, mchukue Mama mwende kwa Shangazi, bara, mbali na bahari. Mtu wa gari la kampuni ni mpole na atakuita dada, usimfungulie mlango.

Sisi tumeshatoka katika ile nyumba. Muuguzi ametuficha chumba cha nyuma cha zahanati, na Bwana Mkubwa ananyweshwa uji mwepesi kwa kikombe, anautema kwa dharau. Ningeweza kupanda basi hilihili. Lakini wamebaki wanawake sita kule ambao hawajui wamelalia nini, na mchana huu nimepiga hodi kwa wawili. Mmoja, mshonaji, aliinuka papo hapo. Alianza kukunja nguo. Wa pili alinisikiliza mpaka mwisho, akanifungia mlango, na kupitia dirishani nikamwona akinyanyua simu. Bado wanne. Nitakwenda.

Msamaha siuombi leo. Jifungue kwanza.

Msalimie Shemeji, umwambie akukalie karibu. Mama usimwambie nililotenda mpaka mjukuu wake awe mikononi. Na ukipata barua nyingine yenye mwandiko wangu, inayosema mambo yametulia na sasa unaweza kuja, ichome.

Ni mimi,
mdogo wako.