Saa Saba ya Ngome

Mulembe, mjukuu wangu Nekesa.

Huku Matungu tu wazima. Babu yako anakohoa, lakini kelele zake hazijapungua. Umeniuliza kwa nini saa yangu ya ukutani iko nyuma ya simu yako kwa masaa sita. Niliitega hivyo kwa makusudi.

Nikiwa msichana, nilipalilia miwa kwenye shamba lenye mnara wa saa uliozungushiwa seng'enge. Tuliuita Ngome, maana muda wetu wote ulifungiwa humo. Msimamizi mgeni akaandika ubaoni: "Kesho kazi saa 7." Tukafika saa saba, jua likiwa la utosi. Kumbe yeye alihesabu saa kizungu! Akafoka kwamba tumechelewa, tuombe msamaha.

Wenzangu wakainamisha vichwa. Mimi nikamwambia, "Bwana, umeandika Kiswahili. Saa saba ya Kiswahili ndiyo hii. Asiyejua saa ni wewe."

Nilifukuzwa papo hapo. Lakini kesho yake wenzangu wakakuta ubaoni: "Saa 1 asubuhi."

Ukija Desemba, njoo na watoto, njoo na sukari. Saa yangu usiiguse.

Kukhu wako, asiyechelewa.