Ukoko wa Mama Zaina

Jumatatu, 11 Agosti 1975
Kuni mbichi tena. Moshi tupu. Mama Zaina, mpishi wa shule, hayupo. Kaenda kwao Kwashemshi kumzika kaka yake. Ugali wa watoto wamesonga wanawake wawili wa kamati. Katikati mbichi. Watoto wamekula hivyohivyo. Mvua imetukimbia mwaka huu, unga ni ule wa njano unaoletwa na lori. Wengine wasipokula shuleni hawali.

Nikabandua ukoko wa sufuria, nikaufunika kwenye bakuli la Mama Zaina. Mazoea. Ukoko ni wa mpishi, toka shule ijengwe. Halafu nikakumbuka hayupo. Nikaula mwenyewe, pale nje, mchana kweupe.

Jumanne, 12 Agosti
Kamati ya chakula imekaa darasani. Niliwapelekea maji ya kunywa, nikabaki mlangoni. Ndugu Kilua, katibu, kasema Mama Zaina anaiba chakula cha watoto. Kila siku anatoka na bakuli kalifunika kwa kanga. Wakamfukuza kazi palepale. Mtu yuko msibani!

Nikanyoosha mkono. Ndugu Kilua akaniona.

"Mchanja kuni, unataka nini? Maji tumeshakunywa."

Wakacheka. Nikatoka. Hasira zote nikazimalizia kwenye kuni.

Alhamisi, 14 Agosti
Maneno yameshafika kisimani. Msambaa yule, wanasema, tulijua. Juzijuzi tu walikuwa wanamsifu.

Zaina kaja na sahani yake kama wenzake. Mtoto mmoja kamwambia, "Wewe kale alivyoiba mama yako." Katoka kwenye foleni. Hakula. Nikampelekea muhogo kwao. Bibi yake kauliza kuna nini shuleni. Nikasema sijui. Muongo mimi.

Ijumaa, 15 Agosti
Nimemngoja Mama Zaina barabarani. Basi la Korogwe limechelewa, kashuka na mkungu wa ndizi. Nilitaka apate habari kutoka kwangu, si kisimani. Nikamwambia yote, naangalia chini.

Kakaa juu ya jiwe. Hakulia. Kauliza kitu kimoja.

"Mimi sikuwepo. Walimwuliza nani?"

Nikasema, hakuna, mama.

"Basi hawajanihukumu, mwanangu. Wamenisengenya."

Jumamosi, 16 Agosti
Nimekwenda kwa mwenyekiti wa kijiji. Nikaamkia shikamoo, basi, maneno yakaisha. Mkewe kanipa kigoda. Nimekaa mpaka aibu ikachoka yenyewe. Ndipo nikasema: Mama Zaina anaomba asikilizwe. Wakishamsikia, wakitaka wamfukuze.

Mzee kacheka. "Kumbe una ulimi! Nilidhani umezaliwa na shoka tu."

Lakini kakubali. Jumatatu kikao kirudiwe, Mama Zaina awepo, aseme mwenyewe. Anataka na shahidi aliyekuwa jikoni siku zote.

Jikoni siku zote ni mimi tu.

Jumapili, 17 Agosti
Ndugu Kilua kanisimamisha njiani. Kanishika bega, mpole kama mjomba.

"Mdogo wangu, fikiri. Ukoko ukiwa wizi, na wewe Jumatatu ulikula. Watu walikuona."

Kweli. Niliula. Nikifukuzwa nitakwenda wapi? Kukata mkonge huko Korogwe, labda. Naogopa. Bora ningekaa kimya.

Jioni nikapita kwa Mama Zaina. Nilitaka aniambie nisiseme habari ya kula. Hakuniambia hivyo.

"Sema ulichokiona chote. Hata kinachoniumiza mimi. Ukificha kimoja, hawataamini cha pili."

Jumatatu, 18 Agosti
Kumepoa leo. Hata upepo hakuna. Watoto wameshakula. Sufuria sijaikwangua. Ukoko umeganda vilevile chini, upande mmoja mweusi kabisa. Mama Zaina ndiye kaomba nisiuguse. Anasema wauone kwanza. Waugonge na kijiko. Wautafune. Ndipo waseme kama hiki ndicho chakula alichowanyima watoto.

Kavaa kanga ya msiba. Kakaa karibu na mafiga. Zaina kasimama nyuma yake, kashika pindo.

Mimi nitasema na nilivyokula. Nimeshaamua. Hofu bado ipo, lakini imekaa pembeni.

Wamegonga kengele ya kikao. Naondoka sasa. Sufuria tunakwenda nayo; ni kubwa, mtu mmoja hawezi kuibeba, na tukichelewa wataanza tena bila Mama Zaina.