Masanduku Saba ya Mzee Kuroiwa

Fairfield, Sydney
19 Agosti 2021

Mpendwa mwanangu Lazare,

“Baba hakutunga chochote chake. Alijaza kimya katika filamu za watu. Masanduku yake yatupeni.” Ndivyo mtoto wa Mzee Kuroiwa alivyomwambia meneja wetu wa kazini kwa simu, kutoka hukohuko Osaka ulipo. Ni uongo, na nitakuonyesha.

Nisamehe, nimeanza ugomvi kabla ya salamu. Hujambo? Masomo yanaendaje? Mkeo Belyse amepona kikohozi? Hapa mume wangu Fiacre alipata korona kiwandani. Anaendelea vizuri, ila nyumba nzima tumefungiwa siku kumi na nne, na wanajeshi hugonga mlango kuhakikisha tupo.

Mzee Kuroiwa ndiye ninayemhudumia katika nyumba ya wazee kule Westmead. Ana miaka tisini na moja. Kabla kiharusi hakijamnyang’anya maneno, alikuwa akinisimulia nikimwosha. Baada ya vita alipiga piano kwenye kumbi za dansi, kisha akatunga muziki wa filamu miaka thelathini. Alikaa na filamu na saa ya kuhesabia sekunde, akiirudia mpaka ajue mwigizaji anavuta pumzi wapi. Safari moja mwongozaji alitaka fidla nyingi kwenye tukio la mjane akiosha mchele. Mzee akakataa. Akaandika filimbi moja tu, nayo inaingia mjane akishatoka jikoni. Huko ndiko kujaza kimya? Huyo alikilinda! Baadaye watayarishaji wakanunua mashine za kupiga muziki, simu yake ikaacha kulia.

Sasa hasemi. Kila alasiri nikiwa kazini humfungulia sanduku moja la noti za muziki alizoandika kwa mkono wake. Anafuata mistari kwa kidole cha kushoto, midomo ikihesabu. Akifika mwisho wa ukurasa hunitazama nigeuze. Hayo ndiyo mazungumzo yaliyombakia.

Jumatatu masanduku yanatupwa; stoo inatakiwa kwa barakoa. Nimempigia meneja mara nne. “Sorry, darling,” anasema, “familia ndiyo inayoamua. Na wewe mwenyewe uliandika ni makaratasi.”

Kweli, Lazare. Siku alipopokelewa, fomu ya vitu vyake niliijaza mimi, mbiombio: saa, miwani, makaratasi ya zamani masanduku saba. Mimi, ninayegombana na kila mtu juu ya maneno! Nimewaandikia wakubwa watatu, hakuna aliyejibu. Nimebaki kukaa jikoni, na mlango siruhusiwi kuuvuka.

Huenda mtoto wake ana haki ya kumkasirikia baba aliyekuwa akilala studio. Simjui. Lakini baba yu hai.

Fiacre anakusalimu, na mwanetu Iteka pia, kwa Kiingereza chake. Mkumbatie Belyse kwa niaba yangu. Mungu awafunike huko ugenini. Naipiga picha barua hii niitume kwa simu, maana posta haitawahi. Nyuma yake nimeandika anwani ya huyo mtoto wa Mzee. Niliwahi kuinakili kutoka kwenye kadi ya mwaka mpya aliyomtumia baba yake.

Usimwandikie, mwanangu. Nenda. Kesho asubuhi ukagonge mlango wake, na usiondoke mpaka amempigia meneja na kumwambia: yaacheni.

Shangazi yako akupendaye,
Anésie