Mabega Mawili ya Fundi Ngazi

MAELEZO YA SHAHIDI

Jina la kazini: Mama Picha. Umri: miaka 51. Kazi: mpimaji wa altrasaundi, hospitali ya wilaya. Makazi: nyumba za wafanyakazi, nyuma ya hospitali hiyo.

Naeleza niliyoyaona kwa macho yangu. Afande unayeandika ulikuwepo, kwa hiyo ukiteleza nitakurekebisha.

Mnamo tarehe 14 mwezi huu, saa tatu asubuhi, ulimleta chumbani kwangu mpaka rangi anayeitwa Fundi Ngazi, kwa sababu kazi yake ni dari. Ulisema yuko mahabusu kwa makosa mawili: kumpiga mlinzi wa ghala nondo ya utosini, na kukaidi amri wakati wa kukamatwa. Mlinzi huyo namfahamu, kwa urefu wake akipita mlangoni huinama. Fundi alijitetea kwamba bega lake la kulia ni bovu. Wewe ukasema, "Hata likiwa bovu, la kushoto si lipo?"

Mimi huanza na bega zima, nijue mwili wa mtu umeumbwaje, ndipo niende kwenye bovu. Nikapaka jeli bega la kushoto, nikaweka kifaa. Nikadhani nimekosea. Nikafuta, nikapaka upya.

Kano zinazofunika kichwa cha mfupa wa mkono, ambazo kwenye kioo cha mashine huonekana kama mkanda mweupe, hazikuwepo. Zilikuwa zimekatika na kurudi nyuma, mfupa umebaki mtupu. Misuli ilikuwa imesinyaa na kugeuka mafuta. Hilo si jambo la mwezi mmoja, ni la miaka. La kulia nalo lilikuwa hivyo hivyo. Sijawahi kuona mabega kama hayo kwa mtu anayeamka kila siku kwenda kazini.

Ulisema, "Mama, huyu anatuchezea." Nikauinua mkono wake wa kushoto mwenyewe hadi juu, nikamwambia aushike hapo hapo. Nilipouachia ukaanguka, ukagonga kitanda.

Nikamuuliza, "Baba, dari unazipakaje?"

Akacheka. "Kwa kiuno, mama. Brashi naifunga kwenye mti mrefu, kitako cha mti nakipachika kwenye mkanda wa suruali, viwiko nabana mbavuni. Halafu nacheza."

Akashuka, akachukua ufagio wangu, akatuonyesha. Kiuno kilicheza, ufagio ukapita chini ya dari yangu kwa mstari ulionyooka, mwanzo hadi mwisho. Nilistaajabu, na sioni haya kusema hivyo mbele ya serikali.

"Na la kushoto mbona hukulitaja?"

"Liliacha kuuma zamani, mama. Nilidhani limepona."

Picha haisemi alikuwa wapi siku ya tukio. Inasema mkono wake hauinuki hadi utosini pa mlinzi yule hata ukiwa mtupu, sembuse na nondo.

Wakati wa kuvaa alilitandika shati kitandani, akaliinamia, akaingiza mikono kwanza. Kisha akakuambia kwa upole, "Afande, siku ile uliposema mikono juu, nilikuwa najaribu."

Ulimfunga vifungo, kimoja kimoja, hadi shingoni.

Haya ndiyo maelezo yangu. Nimesomewa, sina la kupunguza.

Sahihi ya shahidi: (ametia sahihi)

Maelezo ya ofisa: Nimeyaandika mimi, sajini wa kituo, niliyemkamata mtuhumiwa. Shahidi hakunirekebisha popote. Naomba mtuhumiwa aachiwe. Amri yangu hakuikaidi.