Hyasinta wa Bertrams: Muuguzi, Mtawa, Hakimu, Mkunga

Mwaka mmoja umetimia leo, Hyasinta, tangu asubuhi ile ya Jumamosi, tarehe 12 Agosti 2006, ulipotuacha mkono mmoja ukiwa umeshikwa na mama yako na wa pili na mama mkwe wako. Tulilia vya kutosha. Leo tumekaa kuzungumza nawe, na ajabu ni kwamba kila tukianza kuzitaja habari zako, kuna mtu anacheka.

Mama yako anataka tuanze na kitendawili, na wewe unajua hazuiliki. Kitendawili: mwanangu anajulikana na watu elfu asiowajua, lakini mtaani kwake hakuna anayegeuka. Tumeshindwa wote, mama yako kapewa mji, na jibu ni wewe. Mwigizaji wa filamu za Kitamil, mzaliwa wa Morogoro, uliyekuwa ukipanga foleni ya mkate kwenye spaza, duka dogo la hapa mtaani Bertrams, kama mtu yeyote.

Ulifika Johannesburg mwaka 1994 na mwanao Clinton mgongoni, ukimfuata mumeo Dhana, aliyekuwa anarudi kwao baada ya miaka kumi na minne ya uhamishoni Tanzania. Kwao Dhana ni Watamil, ambao mababu zao walivuka bahari kutoka India ya kusini kuja kulima miwa ya watu huko Natal. Mama yake, ambaye sote tunamwita Amma, hakukupokea kwa maneno mengi. Alikuonyesha jiko. Humo jikoni ndimo ulimojifunza Kitamil: kwanza chumvi, halafu moto, halafu vitunguu, halafu matusi madogo madogo. Mama yako alipokuja mwaka uliofuata kukaa miezi mitatu, ambayo haijaisha hadi leo, alikukuta unagombana na Amma juu ya dengu zilizoungua, kwa Kitamil, na mnacheka wote wawili. Akajua mwanawe ana kwao.

Ulikuwa fundi cherehani, na ulikuwa fundi kweli. Chumba chako cha kushonea kule Troyeville kilijaa blauzi za sari, sare za shule na suruali za kupunguza. Sare za watoto wa jirani yetu Brigitte, yule msusi kutoka Lubumbashi, ulizishona kila Januari, na kila Januari ulimwambia kitambaa kilikuwa kimebaki tu. Brigitte anasema alijua kuwa unamdanganya, na alikuacha umdanganye.

Sindano ndiyo iliyokupeleka kwenye filamu. Mwaka 1997 walikuja watu kutoka Chennai, huko India ya kusini, kupiga picha za filamu yao kwenye uwanja wa farasi wa Turffontein. Blauzi ya stelingi wao wa kike ikapasuka mgongoni, na fundi wao alikuwa amelala hotelini, tumbo limemvuruga. Binamu yake Dhana alikuwa anawaendeshea gari, akaja kukuchukua mbio. Ukaanza kumshona yule dada akiwa amesimama, naye hatulii, anageuka huku na huku kujitazama. Ndipo ukamwambia kwa Kitamil: "Dada, ukitikisika tena nitakushona pamoja na ngozi."

Mwongozaji alicheka mpaka akakaa chini. Si kwa mzaha wenyewe tu. Kitamil chako kilikuwa cha jikoni kwa Amma, na Amma alikipata kwa bibi yake, na bibi yake alishuka nacho melini. Huko Chennai hakuna tena aliyezungumza hivyo. Ilikuwa kama wazee wote waliokufa wamekaa kwenye ulimi wa fundi cherehani wa Kiafrika. Mchana huohuo wakakuvisha nguo nyeupe, wakakusimamisha karibu na kitanda cha mgonjwa. Ukawa muuguzi.

Baada ya hapo wakawa wanakuita kila mwaka. Wiki sita Chennai, wiki nane, halafu unarudi kwenye cherehani yako. Filamu kumi na moja kwa jumla. Muuguzi mara tatu. Mpishi mara mbili. Jirani mwenye wivu, mtawa, mwalimu wa gereza. Mara moja ulikuwa hakimu, ukapewa neno moja la kusema, nalo lilikuwa "Kimya." Stelingi hukuwa hata siku moja, wala hukulilia. Ulikuwa unasema stelingi anaimba mvuani mpaka anapata mafua, wewe umekaa pembeni mkavu, unakula karanga. Wenzako walipovunja nazi na kuwasha ubani kabla ya picha ya kwanza, wewe ulifanya ishara ya msalaba, na hakuna aliyekuuliza.

Lakini mkanda wa kwanza ulipofika nyumbani, tulipata pigo. Tulijaa sebuleni, Brigitte na wanawe pia. Dhana akaweka mkanda kwenye deki. Ukatokea, tukapiga makofi, ukafungua mdomo, na mdomoni ikatoka sauti ya mwanamke mwingine. Sauti nyembamba, tamu, kama ya mtu anayeuza marashi. Clinton, wakati huo ana miaka mitano, alimuuliza bibi yake nani yuko ndani ya mama. Brigitte akakunja uso, akasema kwa Kiswahili cha kwao: "Ile sauti haiko yake. Banamwibia kinywa."

Ukatueleza kwamba ndivyo kazi ilivyo. Huko, picha hupigwa kwanza, sauti hutiwa baadaye chumbani, na waigizaji wanaozungumza tofauti na watu wa pale hutiliwa sauti na wengine. Aliyekutilia wewe alikuwa mama mmoja anaitwa Kanagam, mtu mwema, aliyekuwa akikupa chai na kukuomba radhi. Ulicheka ulipokuwa unatueleza. Mama yako peke yake ndiye aliyeona kuwa macho hayakucheka.

Ndipo ukabuni mchezo wako. Kwa vile hakuna aliyesikiliza sauti, kila ulipowekwa nyuma ya stelingi bila maneno ya kusema, midomo yako ilikuwa inaongea na Bertrams. Tulianza kuona kwenye mkanda wa tatu. Mama yako alipunguza sauti, akasogea hadi pua ikaribie kioo, akasema: "Rudisha nyuma, Dhana. Huyu anateta na mimi." Mkanda ulirudishwa mara saba. Stelingi analia juu ya barua, na nyuma yake muuguzi anasema taratibu, kwa Kiswahili, bila sauti: Kitendawili. Ana macho matatu, akifumbua moja anafumba mawili.

Mama yako alihangaika nacho siku mbili. Jumanne akakipata, akiwa amesimama barabarani anasubiri kuvuka: ni robot, ile taa ya njia panda. Alikupigia simu Chennai kukuambia tu, akakata. Toka hapo hakuna filamu yako iliyoangaliwa nyumbani kwetu kwa sauti.

Hata hivyo, kitu kimoja ulikitaka, nasi tulikijua. Binti yako Vasanthi alikuwa amezaliwa, Clinton alikuwa anakua, na wote wawili Kiswahili wanakisikia lakini wanakujibu kwa Kiingereza. Ulitamani wakuone mara moja kwenye kioo ukiwa mzima, uso wako na sauti yako pamoja. Kila mwaka uliomba. Kila mwaka walikujibu kwa upole kwamba watu wataangua kicheko.

Mwaka 2005, mwishoni, akatokea mwongozaji aliyekuwa anatengeneza filamu ya nyumba moja ya wakulima, miaka mia iliyopita. Alimtafuta mtu wa kuigiza mkunga mzee aliyetoka ng'ambo, akasikia habari zako. Ukamwongelesha. Hakucheka. Alichukua daftari akaanza kuandika maneno yako, kwa sababu ndiyo aliyokuwa anayatafuta kwenye vitabu na hakuyapata. Amma alipoambiwa kwamba maneno yake ya jikoni yanaandikwa na watu wenye digrii, alisema wangemuuliza mapema.

Ukapiga picha zako, ukarudi Februari umevimba miguu. Figo. Aprili wakakuita kwenda kutia sauti, na daktari akakataa usipande ndege. Mwongozaji hakuwa na muda, akasema basi, Kanagam aimalize kazi.

Hapa mama yako ameomba lisemwe wazi, lisifichwe. Yeye alifurahi. Alikuambia upumzike, kinywa ulishawapa, sauti waachie. Ukamjibu ukiwa umelala, bila hasira: "Mama, filamu kumi nimekuwa bubu. Hii moja nataka wanangu wanisikie." Akatoka chumbani akaenda kuosha vyombo vilivyokwisha kuoshwa.

Aliyetuokoa ni Kanagam. Alituandikia baadaye jinsi ilivyokuwa. Aliingia chumbani, akakusikiliza kwenye ule mkanda wa kazi, wenye sauti yako ya siku ya kupiga picha, akavua vile vya masikioni na kuviweka mezani. Alimwambia mwongozaji kwamba maneno haya hayajawahi kukaa mdomoni mwake, yana mwenyewe, na mwenyewe yuko hai. Akakataa kutia hata moja. Wiki iliyofuata picha zilikuja Johannesburg kwa ndege badala ya wewe kwenda.

Dhana alipata chumba kwa Steve, yule anayerekodi matangazo ya redio pale Troyeville. Ulikwenda asubuhi tatu, blanketi magotini, Amma amekaa pembeni kama mwalimu mkuu. Mama yako siku ya kwanza alisusa, hakwenda. Ya pili alikwenda, akakaa nje ya mlango na chupa ya uji, hataki kutazama.

Siku ya tatu lilibaki jambo moja. Mkunga amesimama mlangoni, anamzuia baba mwenye nyumba asiingie kwa mzazi, anamfokea kwa pumzi moja, maneno marefu kama treni. Pumzi haikufika. Ulijaribu mara kumi na moja. Amma akasema yakatwe katikati, ukakataa, mdomo wa kwenye picha haukukatwa. Steve alitoka nje kumwambia mama yako kwamba pengine imetosha.

Mama yako aliingia. Tulidhani anakuja kukuchukua. Alipiga magoti mbele yako, akakushika mbavu kwa mikono miwili. "Usivute yote, mwanangu. Vuta kama unapotaka kupuliza mkaa wenye unyevu. Kidogo, halafu usiiachie." Mkavuta pamoja, yeye na wewe, mara tatu, kama siku ulipokuwa mdogo na jiko haliwaki. Kisha Steve akawasha.

Likapita lote. Kutoka mlangoni hadi mwisho, na bado ikabaki pumzi ya kumsonya yule baba mwenye nyumba, jambo ambalo halikuandikwa popote. Steve alisema: "Sharp, mama," yaani safi kabisa. Amma alikuwa anafuta miwani. Mama yako haelewi neno moja la Kitamil, lakini alivaa vile vya masikioni, akasikiliza, akaomba arudishiwe tena.

Ulikaa nasi wiki kumi na tano baada ya siku hiyo. Ulishona hadi ya mwisho, ukiwa kitandani, vifungo tu.

Januari mwaka huu filamu ikaletwa, ikaonyeshwa kwenye ukumbi huko Lenasia, kwa mashemeji zako. Tulijaza safu nzima. Brigitte alivaa kitenge kipya na kuwasuka Vasanthi na mama yako wote wawili. Ulipotokea mlangoni na kuanza kumfokea yule baba mwenye nyumba, ukumbi mzima ulicheka, na hawakucheka Kitamil chako. Walimcheka yeye. Wazee wa Kitamil waliokuwa mbele yetu walianza kuyarudia maneno yako kwa sauti, wanageuziana, wanashikana mikono, kwa sababu mara ya mwisho waliyasikia kwa bibi zao. Ulipomsonya, wakapiga makofi. Clinton na Vasanthi hawakupiga. Walikuwa wameshikana, wamefumba macho, wanakusikiliza.

Filamu ilipokwisha watu waliinuka, sisi tukabaki. Majina yalipanda kwenye kioo kwa maandishi ya Kitamil, na kati yetu anayeyasoma ni Amma peke yake. Alisimama, akanyoosha kidole, akakusoma kwenye waigizaji, mtu wa kumi na nne. Tukashukuru, tukaanza kuchukua mikoba. Yeye hakushusha kidole. Yakapita majina ya washonaji, ya madereva, ya wapishi, halafu yakaja ya watu wa sauti. Kidole chake kikasimama hapo.

"Yuko na huku," alimwambia mama yako. "Mkwe, wamemwandika mara mbili."

Misa ya shukrani itasomwa leo Jumapili baada ya ile ya saa nne, kisha chakula kwetu Bertrams. Amma anapika, nasi tumeambiwa tusiguse jiko.

Unakumbukwa na mumeo Dhana. Wanao Clinton na Vasanthi. Mama yako mzazi Gaudensi. Mama mkwe wako Amma. Kaka yako Wilbroad na mkewe Emiliana, Morogoro. Wifi na mashemeji zako wote wa Lenasia. Jirani yako Brigitte na wanawe. Na Kanagam, Chennai, aliyeomba jina lake liwekwe hapa pamoja na ya ndugu zako.

Pumzika kwa amani, Hyasinta. Tunakusikia, na maisha yetu yote tutakukumbuka.